Gavana mwenye jeshi lake

Siku redio zilipotangaza kwamba mji wa El Fasher, huko Darfur nchini Sudan, umeanguka, Oktoba 2025, nilikuwa kwenye kijiwe cha kahawa jirani na Soko Kuu hapa Arusha. Mtangazaji alimtaja "gavana wa Darfur, Minni Minnawi". Sentensi iliyofuata akamwita kiongozi wa zamani wa waasi. Iliyofuata tena akasema wapiganaji wake wako upande wa jeshi la serikali. Chalii mmoja wa bodaboda akashusha kikombe.

"Sasa huyu ni mwasi au ni gavana?"

Mzee aliyekaa naye benchi moja, kashata mkononi, akamjibu bila kugeuka: "Si ndiye yule wa Burundi, mjukuu wangu?"

Siye. Ila kosa la mzee lina asili yake. Mkataba wa amani ya Burundi ulisainiwa mjini kwetu Agosti 2000, Mandela akiwa msuluhishi baada ya Mwalimu Nyerere kufariki, na miaka mitano baadaye Pierre Nkurunziza, aliyetoka msituni, akawa rais. Tangu hapo wengi wetu tunabeba picha moja ya mwasi: anatoka porini, anakalishwa mezani, anasaini, anavaa suti, basi. Ukimpima Minnawi kwa picha hiyo hutamwelewa hata kidogo. Yeye amevaa suti, akaivua, akaivaa tena, na muda wote huo hakuwahi kuiacha bunduki.

Tuanze na maneno, maana nusu ya mkanganyiko iko humo.

Darfur kwanza. Sisi tunaoishi na neno "Dar" kila siku tunalielewa nusu yake bila kufundishwa. Dar ni nyumba, makao. Darfur ni makao ya Wafur, kabila kubwa la pale, waliokuwa na usultani wao mpaka Waingereza walipouvunja mwaka 1916 na kuuunganisha na Sudan. Ukubwa wake ni kama nusu ya Tanzania. Iko magharibi mwa Sudan, inapakana na Chad, na si sehemu ya Sudan Kusini. Hilo la mwisho nalisema kwa sababu nimelisikia likichanganywa hata na watu wanaosoma magazeti.

Halafu "gavana". Ukivuka Namanga, gavana ni mtu aliyepigiwa kura na wananchi wa kaunti yake. Kwetu hakuna gavana, kuna mkuu wa mkoa, naye huteuliwa na rais. Darfur wana vyeo viwili vinavyotafsiriwa kwa neno hilo hilo moja, ndiyo maana habari zinagongana. Imegawanywa katika majimbo matano, na kila jimbo lina *wali* wake. Neno tunalo: wazee wa pwani waliwaita maliwali. Juu ya hao maliwali watano akawekwa mkubwa wao, anayeitwa *hakim*, mtawala wa eneo zima. Kwetu neno hilo limebaki mahakamani na kuwa hakimu. Chukua Kanda ya Kaskazini: Arusha, Kilimanjaro, Manyara na Tanga. Kwetu kanda ni jina la kuandikia tu, haina serikali. Sasa fikiria ipewe mtawala wake, juu ya wakuu wa mikoa wote. Hicho ndicho cheo cha Minnawi.

La tatu ndilo gumu zaidi: mwasi na mwanamgambo. Huku mgambo ni yule anayewafukuza machinga barabarani, au kijana aliyepita mafunzo ya jeshi la akiba. Katika habari za Sudan, wanamgambo ni watu waliopewa silaha na serikali ili wawapige waasi. Mwasi ni aliyeshika silaha dhidi ya serikali. Shikilia tofauti hiyo vizuri, kwa sababu mbele ya safari watabadilishana nafasi.

Vita vya Darfur vilianza 2003, lakini chimbuko lake ni la zamani. Mvua zilipungua, jangwa likasogea kusini, ukame wa mwaka 1984 ukawasukuma wafugaji kwenye mashamba ya wakulima. Aliyefuatilia ugomvi wa malisho Kiteto au Kilosa hahitaji kuelezwa zaidi. Juu ya hilo, Khartoum ilikuwa mbali na haikuwajali. Watu husema ni vita vya Waislamu na Wakristo. Hapana, Darfur karibu wote ni Waislamu, wanaswali safu moja. Wengine husema ni Waarabu dhidi ya weusi. Ubaguzi upo, na umeua watu wengi sana, lakini ukiwasimamisha pamoja mgeni kutoka Moshi hatajua nani ni nani. Watafiti waliokaa huko waliona jambo ambalo sisi wa Arusha tunapaswa kulielewa haraka: Mfur aliyepata ng'ombe wengi na kuhama nao, baada ya muda aliweza kuhesabiwa miongoni mwa Waarabu wafugaji. Tazama Waarusha wa mteremko wa Meru na Wamasai wa tambarare. Lugha moja, rika zinafanana, mmoja ana migomba na mwingine ana mifugo, na koo zimeingiliana. Darfur nako mpaka wa namna hiyo ulikuwa mlango. Vita ndivyo vilivyoujenga ukuta.

Minnawi ni Mzaghawa, watu wa kaskazini ya Darfur wanaoishi pande zote mbili za mpaka wa Chad, wafugaji wa ngamia na wafanyabiashara hodari. Kazi yake kabla ya vita ilikuwa ualimu. Hakuanza kama kamanda mashuhuri. Alikuwa katibu wa kamanda aliyeitwa Abdallah Abakar. Wakati huo kundi lao, Jeshi la Ukombozi wa Sudan, liligawa vyeo kwa makabila matatu makubwa: mwenyekiti alikuwa Abdul Wahid al-Nur, mwanasheria wa Kifur, makamu wake Khamis Abdullah Abakar, Mmasalit, na katibu mkuu Minnawi. Yashike majina haya matatu, maana yanatosha kukusimulia Darfur nzima.

Aprili 2003 waasi hao, pamoja na kundi jingine liitwalo JEM (Vuguvugu la Haki na Usawa), waliingia alfajiri kwenye uwanja wa ndege wa El Fasher, wakachoma ndege za kijeshi zikiwa chini na kumteka jenerali wa jeshi la anga. Serikali ilishtuka. Na silaha yao kubwa ilikuwa gari ambalo kila mtu hapa Arusha analijua. Pita kwenye gereji za hapa mjini uone fundi anavyoikata Toyota Land Cruiser: anatoa paa, anairefusha, anaweka paa la kuinuka ili mtalii asimame na kumwona simba. Kule fundi hukata paa pia, lakini anachosimamisha nyuma ni mtutu mzito wa risasi za mkanda, na watu kumi wananing'inia ubavuni na mapipa ya maji. Gari lile lile. Wazaghawa walikuwa mabingwa wa mapigano ya namna hiyo tangu vita vya Chad. Idriss Déby, aliyeitawala Chad miaka 30, alikuwa Mzaghawa, na mwaka 1990 aliondokea Darfur akiwa mwasi hadi kuiteka Ikulu ya N'Djamena. Kwa kijana wa Kizaghawa, habari ya mwasi kuwa mkubwa wa nchi haikuwa ya kusomwa, ilikuwa ya mjomba.

Serikali ya Omar al-Bashir ilijibu kwa kuwapa silaha wanamgambo wa Janjaweed. Vijiji vilichomwa. Umoja wa Mataifa ulikadiria watu 300,000 walikufa, wengi kwa njaa na maradhi, na zaidi ya milioni mbili wakahama makwao. Abdallah Abakar aliuawa mapema mwaka 2004, na katibu akashika nafasi ya bosi wake. Mwaka uliofuata, katika mkutano wa Haskanita ambao Abdul Wahid aliususia, Minnawi akachaguliwa mwenyekiti. Kundi likapasuka vipande viwili, na halijaungana tena.

Hapa Mtanzania mmoja anaingia. Mazungumzo ya amani yalifanyika Abuja, na msuluhishi mkuu wa Umoja wa Afrika alikuwa Dk. Salim Ahmed Salim, waziri mkuu wetu wa zamani. Tarehe 5 Mei 2006, baada ya kubembelezwa na kubanwa usiku kucha, Minnawi alisaini. Abdul Wahid alikataa. Khamis naye hakusaini. Miezi michache baadaye Minnawi, ambaye alishapokelewa na Rais Bush Marekani, aliapishwa kuwa msaidizi mkuu wa Rais Bashir na mkuu wa mamlaka ya mpito ya Darfur.

Ndiyo suti ya kwanza. Lakini wapiganaji wake walibaki naye, na Julai ya mwaka huo huo waliwashambulia watu wa maeneo yaliyokataa mkataba. Wananchi wa Korma waliwabandika jina la Janjaweed wa pili. Sipendi makala zinazoliruka jambo hili kwa sababu mhusika leo yuko upande wa wanaoonewa.

Mwaka 2007 ndipo Arusha tulipoingizwa rasmi. Mwezi Agosti, Salim na mwenzake wa Umoja wa Mataifa, Jan Eliasson, waliyaita makundi yaliyokataa kusaini yaje hapa yapatane msimamo mmoja. Minnawi hakuhusika, alishakuwa serikalini. Abdul Wahid alibaki Paris, akagoma kuja. Kwa hiyo ukimsikia mtu anasema Minnawi alipewa ugavana Arusha, mwambie hapana.

Swali la yule chalii wa bodaboda lilikuwa la haki zaidi: kwa nini serikali impe cheo mtu aliyeipiga? Nilimjibu kwa mfano wa stendi. Kuna mpiga debe mkorofi, anagombana na kila konda, anashusha abiria wa wenzake, polisi wamemchoka. Siku moja unasikia amewekwa kuwa msimamizi wa wapiga debe wote wa njia ile. Hakuna aliyempenda. Wamepiga hesabu wakaona kumlipa ni nafuu kuliko kupigana naye kila siku. Hesabu hiyo ina kasoro mbili. Ya kwanza, wapiga debe wengine nao wanajifunza kwamba ukorofi unalipa, na baada ya Abuja makundi ya waasi wa Darfur yaliongezeka badala ya kupungua. Ya pili, aliyewekwa anajua fika kwamba thamani yake ni ule ukorofi. Akiuacha wote, kesho hawamhitaji. Hapo chalii akacheka, akasema anamjua mtu kama huyo.

Minnawi aliijua kasoro ya pili kwa uchungu. Ikulu ya Khartoum alikuwa kama utingo wa lori: amekaa kiti cha mbele, wapita njia wanamwona, ila usukani si wake na breki si zake. Fedha zilizoahidiwa hazikufika. Mwishoni mwa 2010 akaondoka, akarudi porini, na mwaka uliofuata akaungana na waasi wengine. Jeshi la serikali lilipomzidi nguvu Darfur, sehemu kubwa ya wapiganaji wake ilihamia Libya. Wataalamu wa Umoja wa Mataifa waliripoti kwamba huko walikodiwa kwenye vita vya Walibya wenyewe, upande wa Khalifa Haftar, kamanda wa mashariki ya Libya. Jeshi lazima lile.

Na sisi tulikuwa tukilipa. Julai 13, 2013, askari saba wa Tanzania waliokuwa kwenye kikosi cha kulinda amani cha UNAMID waliuawa kwa kuviziwa Darfur Kusini, wengine wakajeruhiwa. Yule mzee wa kashata aliikumbuka siku hiyo kabla sijaitaja. Akasema alidhani ilikuwa Kongo.

Bashir alianguka Aprili 2019. Serikali mpya, ya raia na wanajeshi kwa pamoja, ilisaini mkataba na waasi jijini Juba tarehe 3 Oktoba 2020. Hapa ndipo cheo cha gavana kilipozaliwa. Mkataba ulisema Darfur irudishwe kuwa eneo moja lenye mtawala wake. Ipewe dola milioni 750 kila mwaka kwa miaka 10. Ibaki na asilimia 40 ya mapato ya madini na mafuta yake. Na kiundwe kikosi cha askari 12,000 cha kulinda raia, nusu kutoka serikalini na nusu kutoka kwa waliokuwa waasi. Wapiganaji waliobaki wangeingizwa kwenye jeshi la taifa hatua kwa hatua. Mwaka 2021 Waziri Mkuu Abdalla Hamdok akamteua Minnawi kuwa gavana. Khamis, mwenzake wa zamani, akawa wali wa Darfur Magharibi.

Soma vizuri neno "akamteua". Mkuu wa mkoa kwetu huteuliwa, na asubuhi yoyote taarifa ya Ikulu inaweza kumtengua. Ni mwenyekiti wa kamati ya usalama ya mkoa, ila hana hata askari mmoja aliye wake binafsi. Jioni ya kutenguliwa anakabidhi gari na kurudi nyumbani. Minnawi kwenye karatasi ni mteule kama huyo, lakini nyuma ya karatasi kuna mkataba, na nyuma ya mkataba kuna Land Cruiser. Anayetaka kumtengua lazima ahesabu magari kwanza. Ndiyo maana Oktoba 2021, wanajeshi walipoipindua serikali ya Hamdok, gavana aliyeteuliwa na Hamdok hakuondoka naye. Siku chache kabla alikuwa miongoni mwa waliokusanyika mbele ya Ikulu ya Khartoum kudai serikali hiyo ivunjwe. Akabaki na cheo chake. Fedha hazikuja safari hii pia, na wapiganaji hawakuingizwa jeshini kama ilivyoandikwa.

Sasa lile fundo la mwanamgambo na mwasi. Mwaka 2013 serikali iliwapanga upya Janjaweed, ikawapa sare, mishahara na jina jipya, RSF (Vikosi vya Msaada wa Haraka), chini ya Mohamed Hamdan Dagalo, maarufu kama Hemedti. Aprili 15, 2023 RSF na jeshi la taifa wakaanza kupigana katikati ya Khartoum. Mtoto wa serikali amemgeukia mzazi. Na waasi waliopigana na serikali hiyo kwa miaka mingi wakajikuta wanachagua kati ya jeshi lililowapiga kwa ndege na wanamgambo waliowachomea vijiji. Kwa miezi kadhaa Minnawi alisema hana upande, vijana wake wakisindikiza misafara ya chakula. Kisha RSF wakaanza kuteka miji mikuu ya majimbo ya Darfur: Nyala ikatekwa, Zalingei ikatekwa, El Geneina ikatekwa. Novemba 2023, akiwa Port Sudan, alitangaza kwamba ameacha kuwa katikati na anapigana upande wa jeshi.

Khamis hakufikia tangazo hilo. Juni 14, 2023 alizungumza na televisheni kutoka El Geneina, mji mkuu wa jimbo lake, akasema watu wake wanauawa kwa halaiki na hakuna anayewalinda. Saa chache baadaye alikamatwa, ikasambaa video akiongozwa na watu wenye silaha, kisha akauawa. RSF walikana. Wataalamu wa Umoja wa Mataifa walitaja makadirio ya watu kati ya 10,000 na 15,000 waliouawa katika mji huo mwaka ule, wengi wao Wamasalit. Naye alikuwa mwasi aliyegeuka liwali. Cheo hakikumzidishia hata saa moja, kwa kuwa mjini mwake wenye nguvu walikuwa wengine.

El Fasher ulibaki mji mkuu pekee wa jimbo la Darfur ambao RSF hawajauteka. Walionusurika kwingine wakajazana humo na kwenye kambi ya Zamzam. Kuanzia 2024 mji ulizingirwa zaidi ya miezi 17, watu wakawa wanakula *ambaz*, mashudu ya karanga ambayo kwa kawaida hulishwa mifugo. Waliokuwa wakiulinda ni jeshi pamoja na waasi wa zamani, wale wale ambao Aprili 2003 waliuchoma uwanja wake wa ndege. Gavana mwenyewe hakuwamo. Zamzam ikatekwa Aprili 2025, mji wenyewe Oktoba 26. Ndiyo habari tuliyoisikia kijiweni.

"Kwa hiyo sasa ni gavana wa wapi?" chalii akauliza, kofia ngumu tayari mkononi, kuna abiria alikuwa anamwita.

Jibu linachanganya zaidi. Serikali inayoongozwa na jeshi inamtambua Minnawi kuwa gavana wa Darfur, ingawa miji mikuu yote mitano ya majimbo yake iko mikononi mwa RSF. RSF nao Julai 2025 walitangaza serikali yao yenye makao Nyala, na wakamtaja gavana wao wa Darfur: al-Hadi Idris. Naye ni mwasi wa zamani, wa tawi jingine la kundi lile lile, na naye alisaini Juba.

Mzee akauliza habari za yule wa tatu, mwanasheria aliyegoma kuja Arusha. Abdul Wahid hajasaini Abuja wala Juba, na hajawahi kuwa gavana wa kitu chochote. Wapiganaji wake wamejishikilia Jebel Marra, milimani, pamoja na mji mdogo wa Tawila, kilomita kama 60 magharibi ya El Fasher. Waliotoka hai El Fasher, wakitembea usiku, walielekea huko.